Jinsi ya kujenga ngazi za mawe kwenye kihamba cha mteremko, kwa akili ya Waifugao

Asee ndugu zangu wa huku mlimani Kilimanjaro, wale wenye vihamba, yaani mashamba yetu ya ukoo ya migomba na kahawa, vya bondeni ambavyo ukikanyaga vibaya unajikuta umeshafika kwa jirani, hii ni yenu. Wengi wananiuliza zile kuta za mawe pale kwetu Kibosho nimezitoa wapi, maana fundi wa mjini angekuja na saruji, nondo na bili ya kukufanya uuze ng'ombe. Mimi sijatia hata mfuko mmoja wa saruji. Nimeiga kwa Waifugao, watu wa milimani kule Ufilipino, na ntaeleza namna ya kufanya, ila mnivumilie kidogo nieleze hao ni kina nani, maana usipowaelewa wao utajenga ukuta tu, na ukuta peke yake masika ya kwanza unaondoka. Wa kwangu wa kwanza uliondoka, ntafika hapo.

Ilianzaje. Nilikuwa nimempandisha mgeni mmoja Mfilipino kwa njia ya Machame, tukashukia Mweka, na kwetu ni hapo tu, nikamwambia twende nyumbani ukale mtori. Wageni wengi wakifika kihambani wanapiga picha migomba, wanapiga picha mlima, basi. Huyu jamaa hakuinua hata simu. Alishuka mpaka pale chini ambapo udongo wetu ulikuwa unamomonyoka kila masika, akachuchumaa, akabonyea udongo kwa dole gumba, akauliza maswali mawili: maji ya hapa yanaingilia wapi na yanatokea wapi, na ule msitu wa juu ni wa nani. Mzee wangu aliyekuwa kakaa kwenye kigoda na kibuyu chake cha mbege akasema kwa Kichaga "huyu ni mtu wa mlimani", hata kabla sijatafsiri. Na kweli, jamaa kazaliwa Ifugao.

Ifugao ni mkoa uliopo kaskazini mwa kisiwa cha Luzon, kwenye safu ya milima inaitwa Cordillera, makao makuu ni Lagawe. Jina lenyewe linaelezwa kuwa limetokana na "pugo" yaani kilima, kwa hiyo ni watu wa kilimani, kama sisi tu. Lugha yao ni ya ile familia kubwa ya Kiaustronesia ambayo imesambaa kuanzia Taiwan, Ufilipino, Indonesia mpaka visiwa vya mbali vya Pasifiki, na upande wetu huu ikafika Madagaska, yaani Mmalagasi ni ndugu yao wa mbali. Wanahesabu oha, duwa, tulu, opat, lima. Hiyo lima ni tano, na kwenye lugha nyingi za familia hiyo ni mkono pia. Nikamwambia kwetu "lima" ni amri, akacheka mpaka mtori ukapoa. Halafu tusijisahau, mgomba wenyewe tunaojidai nao asili yake ni kule kule pande za Asia ya Kusini Mashariki na New Guinea, kwa hiyo tumeshaiga kwao zamani, hii ya mawe ni nyongeza tu.

Sasa matuta yao ya ngazi ndo habari. Yamepanda mlima kama ngazi za jukwaa la mpira, kwenye miinuko ya mpaka kama mita 1,500, yaani urefu ule ule wa ukanda wetu wa kahawa na ndizi, na UNESCO waliyaweka kwenye urithi wa dunia 1995, sehemu tano: Batad, Bangaan, Mayoyao, Hungduan na Nagacadan. Kituko ni kwamba yale ya Banaue yaliyochorwa kwenye noti yao ya peso 20, ambayo kila mtalii anapiga picha, hayamo kwenye hizo tano. Kwa miaka mingi vitabu vimesema yana miaka 2,000. Baadaye mwanaakiolojia Stephen Acabado na wenzake wakachimba kwenye kijiji cha zamani cha Kiangan na vipimo vyao vikaonyesha mpunga wa maji pale ulishika kasi kama miaka ya 1600 hivi, wakati Wahispania wanasukuma watu kutoka tambarare, na kabla ya mpunga walikuwa wanalima magimbi. Wapo waliochukia kusikia hivyo, kana kwamba wamepunguziwa heshima. Mimi niliposikia nilifurahi sana, kwa sababu kama watu walikimbilia mlimani na ndani ya vizazi vichache wakawa wamejenga kitu cha namna ile kwa mtalimbo wa mti na mikono, basi mimi na shemeji zangu wawili na toroli hatuna cha kujitetea.

Haya, kazi.

Usianze na mawe. Hili ndo kosa la kila mtu na ndo kosa langu. Anza kwa kwenda juu kabisa ya kihamba siku ya mvua na mwavuli, uone maji yanakuja na njia ipi. Waifugao juu ya mashamba yao wanaacha msitu, wanauita muyong, na ule msitu ni wa familia, unarithiwa pamoja na shamba lililo chini yake. Wenyewe wanausafisha, wanatoa miti iliyokufa kwa kuni, wanatoa mbao za nyumba, wanapanda mingine, ila hawaufyeki, kwa kuwa chemchemi inayolisha matuta inatoka humo. Ukifyeka muyong umekata koo la shamba lako mwenyewe, na majirani wa chini watakujia. Sisi hali ni tofauti, msitu mkubwa wa juu umeingia ndani ya hifadhi ya taifa tangu 2005 na ile nusu maili ya wazee wetu, ukanda wa msitu wa matumizi ya vijiji, nayo ina masharti yake, kwa hiyo huwezi kusema unarithi msitu. Ila unaweza kufanya kamuyong kako. Mimi nimetenga kipande cha juu kama hatua 15 kwa 30, nimepanda mringaringa na mfuruanje na kahawa ya kivuli chini yake, na nimekata mtaro wa kukinga maji kwa juu yake kabisa. Mkaratusi usipande hapo tafadhali, hata kama unakua haraka, unakunywa maji kama mlevi wa mwisho wa mwezi.

Ule mtaro wa juu ndo roho ya kazi nzima. Upana wa jembe mbili, kina mpaka gotini, na unapelekwa pembeni kwa mteremko mdogo mno mpaka kwenye korongo au mfongo, ule mfereji wetu wa asili wa maji, usiupeleke kwa jirani maana utaitwa kwa mjumbe. Kupima mteremko usitumie macho, macho ya mtu aliyezaliwa mlimani ni mwongo, anaona sehemu iliyoinama ni tambarare. Tengeneza fremu ya herufi A kwa miti mitatu na kamba yenye jiwe katikati, bwana shamba yeyote atakuonyesha, haimalizi nusu saa. Au tumia mpira mwembamba wa maji wa mafundi, mmoja anashika huku mwingine kule, maji yakitulia usawa huo huo ndo levo.

Kwa hiyo levo piga mstari wa ukuta wa kwanza. Anzia ngazi ya CHINI kabisa, sio ya juu. Sababu ni udongo: ukichimba ngazi ya pili, ule udongo mweusi wa juu yake unaushusha kwenye ngazi ya kwanza, ukichimba ya tatu unaushusha kwenye ya pili, hakuna rutuba inayozikwa. Ukianzia juu utajikuta unapanda mboga kwenye udongo mwekundu usio na kitu na utasema matuta hayafai.

Sasa msingi. Chimba mtaro kwenye ule mstari mpaka ukute ardhi ngumu, kwetu ilikuwa kama sentimita 40, kwako inaweza kuwa zaidi. Mtaro uinamishe kidogo kuelekea ndani ya mlima, ili mawe yakikaa yawe yanaegemea mlima na sio yanauaga. Mawe makubwa kabisa, yale ya kubebwa na watu wawili na kelele, yanaingia hapo. Halafu unapanda juu, na jiwe unaliweka kichwa kikiwa nje na urefu wake unaingia ndani kama jino kwenye fizi. Watu wanapenda kulaza jiwe uso mpana nje ili ukuta upendeze, hapana, huo ni ukuta wa picha. Kila jiwe likae juu ya mawili na mawili yakae juu ya moja, usiruhusu mstari wa nyufa upande wima. Na kila mkao unarudi ndani kidogo, ukuta wa mita 1 juu uwe umerudi kama sentimita 15 mpaka 20 kutoka chini. Kule Batad na Hungduan kuna kuta za mawe zinazopita kimo cha mtu, wewe usijaribu, ishia mita 1. Ukitaka juu zaidi ongeza ngazi nyingine.

Kwa hesabu, ukuta wa mita 10 wenye kimo cha mita 1 na unene wa nusu mita unakula mita za ujazo 5 za mawe, kwa hiyo kabla hujaita watu hakikisha mawe yapo. Ya kwetu yalikuwa humo humo shambani, ukichimba unayakuta, mengine tuliyatoa korongoni.

Hapa ndo nilipoangukia. Ukuta wangu wa kwanza niliujenga vizuri tu, mzuri mpaka mama akawa anawaleta wenzake wa jumuiya kuuangalia, ila nyuma yake nilijaza udongo mtupu. Ikaja masika, mvua ya siku tatu, usiku wa tatu nasikia kishindo kama fuso limemwaga mzigo, asubuhi naenda nakuta mita nne zimelala kwenye magimbi. Ule udongo ulikunywa maji ukavimba, maji hayakuwa na pa kutokea, yakasukuma. Nikampigia yule jamaa wa Ifugao video ya simu, akatazama kidogo tu akasema: nyuma ya mawe umeweka nini? Nikanyamaza. Wao nyuma ya mawe wanashindilia mawe madogo na changarawe kwanza, ndo udongo unafuata. Kwa hiyo kila ukipandisha mkao mmoja wa mawe, jaza nyuma yake changarawe unene wa shubiri moja na nusu hivi, sentimita 30, shindilia kwa mti, ndo udongo, shindilia tena, ndo upandishe mkao mwingine. Usimalize ukuta halafu ndo ujaze, vinapanda pamoja. Na kwa vile ukuta hauna saruji, maji yanapenya katikati ya mawe taratibu, hiyo ndo faida yake. Ukitia saruji umeziba pua.

Lingine la kuwa makini, usiige kila kitu. Wao matuta yao yanakaa na maji karibu mwaka mzima kwa ajili ya mpunga, na tuta likikauka linapasuka na kuanza kuvuja, ndo maana shamba likiachwa na mwenyewe akienda mjini kuta zinaanza kuanguka. Ilifika hadi 2001 UNESCO wakayaweka kwenye orodha ya urithi ulio hatarini, yakatolewa 2012. Sisi tunapanda migomba, kahawa na mboga, ukiituamishia maji umeiua. Kwa hiyo uso wa ngazi yako uinamie NDANI kidogo kuelekea mlima, na kule ndani ukate kijimtaro kidogo kinachopeleka maji pembeni kwenye sehemu moja ya kushukia, uliyoipanga kwa mawe bapa. Maji yashuke ngazi kwa ngazi yakiwa yametulia. Kwao maji yanashuka hivyo hivyo toka shamba la juu kwenda la chini, na mwenye shamba la juu hawezi kuyafunga akalala, ni sawa na zamu ya mfongo, ukizidisha zamu wazee wanakutoza pipa la mbege.

Mpunga wao wa asili wanauita tinawon, maana yake wa mara moja kwa mwaka, unapandwa kama Januari na Februari, unavunwa Juni, Julai hivi. Usiulinganishe na mbegu za IR tunazozijua kwenye mashamba ya mpunga kule Chekereni, ingawa nazo chimbuko lake ni Ufilipino, zimetoka taasisi ya utafiti ya IRRI, Los Baños. Mbegu ya tinawon inachaguliwa suke kwa suke na wanawake, na kwenye mavuno kuna nyimbo zinaitwa hudhud, zinaongozwa na bibi mmoja mkubwa na wengine wanaitikia, zipo hadithi zaidi ya 200 na moja yaweza kuimbwa siku kadhaa. Ghalani unakuta bulul, sanamu za mbao za kulinda mpunga. Na nyumba zao za asili zinasimama kwenye nguzo nne, kila nguzo ina duara la mbao kama sahani ya kuzuia panya. Hiyo ya duara nimeiga kwenye kichanja changu cha mahindi kwa kutumia mifuniko ya ndoo, panya sasa hivi wanaangalia tu.

Watu wa kazi. Usiajiri vibarua wa kutwa kwa kazi hii, watakimbiza. Waifugao wana ubbu, leo tuko kwako kesho kwangu, na baddang ambayo ni kusaidia bure. Kwetu ni msaragambo, kazi ya pamoja ya kijiji, na bado unafanya kazi kama ukiuheshimu: waambie watu mapema, siku ziwe mbili sio kumi, chakula kiwe cha maana, na ukishajengewa uende kwa wenzako bila kuitwa mara mbili. Mimi tulikuwa saba, tulijenga mita 10 kwa Jumamosi mbili. Mgawanyo mzuri ni wawili wanapanga mawe na hao hao tu mpaka mwisho, wengine wanaleta. Kila mtu akipanga unapata ukuta wenye tabia saba.

Muda: anza kiangazi, Julai mpaka Septemba, ukuta upate vuli ndogo ya kujaribiwa kabla masika haijaja na hasira zake. Januari na Februari inawezekana ila unakimbizana na mawingu.

Kuhusu urithi sikupanga kuandika ila mzee alicheka sana. Kwao mtoto wa kwanza ndo anapata mashamba makubwa pamoja na msitu wake, awe wa kiume au wa kike. Mzee akauliza hata binti? Jamaa akasema hata binti. Mzee akanywa mbege kimya kimya, dada yangu mkubwa akiwa amesimama mlangoni na sahani za mtori, hajasema kitu, ila tangu siku ile kila tukigombana kidogo ananiambia "ungekuwa Ifugao ungekuwa unaniomba pa kulala". Kwetu kitinda mimba ndo anabaki na nyumba ya wazazi, na kitinda mimba ni mimi, ndo maana niko hapa nabeba mawe.

Ukimaliza ukuta, panda juu yake. Ukingoni kabisa wa kila ngazi weka gwatemala au matete, mizizi inashika na ng'ombe anakula. Ngazi ya kwanza mwaka wa kwanza panda magimbi, yanavumilia udongo uliovurugwa, na kumbe ndo walikoanzia hata wao. Migomba subiri udongo utulie, mwaka hivi, na mgomba uwe mbali na ukuta angalau hatua mbili na nusu maana ukianguka na mkungu wake unang'oa mawe. Mpakani nimepanda masale, ule mmea wetu wa mila. Jamaa alipoyaona alishtuka kidogo, akasema wana mmea unaofanana nayo, dongla, majani yake mengine mekundu, wanautumia kwenye matambiko na ngoma. Tukakaa pale na mzee, mmoja anaeleza namna isale linavyotumika kuomba msamaha ambao huwezi kuukataa, mwingine anaeleza dongla, halafu wakaingia kwenye habari za wafu, kwamba kule kuna desturi ya kufukua mifupa ya mzazi, kuisafisha na kuifunga upya kwenye blanketi, wanaita bogwa, na mzee akasema nasi zamani tulifukua fuvu tukaliweka chini ya masale kihambani. Mimi mkalimani nikawa nimepotea kabisa katikati, wao wanaelewana kwa mikono.

Matunzo sio mengi ila hayana likizo. Kila baada ya mvua kubwa pita na mwavuli wako, angalia jiwe lililotokeza kama tumbo, hapo nyuma maji yamejaa, toa mawe ya sehemu hiyo tu, rudisha changarawe, panga tena. Tumbo la shubiri moja ni kazi ya asubuhi moja, ukiliacha mpaka masika ijayo ni kazi ya ukoo. Mtaro wa juu usafishe kabla ya masika na kabla ya vuli, majani ya migomba yana tabia ya kwenda kulala humo. Na fuko akitoboa ngazi usimwage maji kwenye shimo lake, ziba kwa mawe na udongo wa mfinyanzi ushindilie.

Ngazi tatu zimesimama mpaka sasa, masika mbili zimepita juu yake, na kule chini kwa jirani ambako udongo wangu ulikuwa unahamia kila mwaka ameanza kulalamika kwamba nyanya zake hazistawi kama zamani, nimemwambia aje achukue samadi. Ya nne naanza Jumamosi hii, mwenye mtalimbo wa ziada aje nao, kitawa cha kula kipo.